Mara Saba Nimekufa

Mara ya kwanza nilikufa ukurasa wa kumi na tisa,
kichwa chini, miguu juu, ndani ya pipa la kabichi,
lile la kuchachushia tulilolijaza roshani kila vuli.
Mke wangu aliandika kwamba nilitoa mapovu matatu,
na la nne lilisikika kama "samahani",
ila jirani akadhani ni chumvi inayeyuka.

Alikuwa bado mke wangu. Nilicheka hadi machozi.
Kisha nikatoka roshani, nikaliwekea pipa jiwe juu ya kifuniko.

Hapa Ruse, kando ya Danubi, kifo hubandikwa mlangoni:
karatasi yenye picha, siku arobaini, miezi sita, mwaka,
mvua ikiifuta wanabandika nyingine juu yake.
Ukingoja basi, marehemu wanne wanakukodolea macho.
Zornitsa ndiye aliyezichapa,
duka la Hadzhiev, nyuma ya stesheni,
miaka kumi na moja ya "kwa masikitiko makubwa",
mpaka mjane wa mwashi alipomwambia: mwanangu, andika ukweli.
Akaandika:

*Katutoka mwashi wetu, paa hakukamilisha,*
*Madeni yasiyo yetu, sisi ametubebesha,*
*Hatumlilii katu, kulala kwake kwatosha,*
*Mvinyo wa kesho, watu, mje nao, twakumbusha.*

Mji mzima ulisoma. Wajane wakapanga foleni.
Hadzhiev akamfukuza kazi Ijumaa;
Jumatatu akaanza riwaya juu ya meza ya jikoni,
mbegu za alizeti mkono wa kushoto,
maganda yakirundikana kama kaburi la panya.

Mara ya pili, friji kutoka ghorofa ya nne.
Mara ya tatu, nyuki, katikati ya hotuba yangu
kwa chama cha wafuga nyuki.
Hapo nikadai talaka. Hakimu akauliza sababu,
nikasema, mheshimiwa, fungua ukurasa wa themanini na nane.
Alikwishausoma. Aliuma midomo, akainama chini ya meza
kuokota kalamu ambayo haikuanguka.

Nilimwambia Zornitsa pale kwenye ngazi:
maiti haulizwi sanda, najua,
lakini mimi hujaniuliza hata pipa.
Akasema: "Ungechagua dogo."

Mara ya nne alinimaliza ndani ya mabano.
Ya tano, nimekwama kwenye lifti na mama yangu;
walipotufungua tulikuwa tumekufa siku tatu
na bado tunabishana.
Mfamasia akaanza kumpelekea jemu ya squash na karanga,
akimsihi amuue na yeye, tafadhali, mahali penye watu.
Ya sita siisemi. Kulikuwa na bata.
Ya saba ilitafsiriwa Kijerumani,
na sasa nasikia nachekesha hadi Leipzig.

Watu huniuliza mwanamke huyu ana moyo gani.
Karatasi moja tu hakuitia mzaha:
ya mtoto wetu, aliyeishi siku mbili.
Aliichapa mwenyewe usiku, mashine ikiwa baridi,
na wino ukaisha katikati ya jina.
Hivyo ndivyo ilivyobandikwa mlangoni, nusu jina.
Mwaka uliofuata akanitumbukiza kwenye kabichi.

Kitabu cha nane kimetoka Machi.
Nilikisoma nimesimama, dukani, koti limelowa.
Mtu mwenye masharubu yangu anakwenda kununua mkate.
Anavuka barabara. Lori linapita, halimgusi.
Anarudi. Anakula. Analala.
Nikafunua, nikafunua, mpaka jalada la nyuma:
bado nimelala, nakoroma.

Mikono ikanitetemeka kuliko siku ya friji.
Nikampigia. Zornitsa, unaumwa?
Kimya. Ganda la mbegu likapasuka. Jingine.
"Nimechoka kukuzika," akasema.
"Njoo Jumapili. Kabichi imechacha."

Nitakwenda, na mkate, na masharubu yangu.
Nitakaa upande wa dirisha,
mbali kidogo na pipa.